Daudi Kabaka: Mcheza Kwao Alitunzwa na Nani?

Desemba iliyopita tulitoka Mombasa kwenda Kakamega kumposea mpwa wangu. Safari ya siku mbili, basi kwa basi, na kutoka Kisumu tukapanda matatu ya kupandisha vilima: Kiboswa, Majengo, Mbale, Chavakali. Nilipoona kibao cha Majengo nilicheka peke yangu. Kumbe na wao wana Majengo yao, ila ya kwao imezungukwa na migomba na mvua haikatiki. Kabla ya kuingia mjini tukaonyeshwa lile jiwe refu la Ilesi linalotiririka maji kama mtu aliaye, na giza lilipoingia tulikuwa tumeshafika kwa wakwe, tumepokewa kwa kuku, maana kwa Waluhya mgeni asiyechinjiwa kuku hajapokewa.

Mazungumzo ya mahari yakaisha salama. Baada ya chakula kijana mmoja wa nyumba ile akaunganisha simu yake na spika, akapiga nyimbo za siku hizi, watu wakasikiliza hivi hivi. Halafu ikaingia Helule Helule. Wazee wakainuka. Babu mmoja aliyekuwa akisinzia kitini aliweka mkongojo pembeni akazungusha kiuno na magoti kama kijana wa mwaka 1966, na sisi wageni wa Pwani tukajikuta tunaitikia, kwa kuwa kila mmoja wetu aliijua.

Nikamuuliza yule kijana wimbo huu ni wa nani. Akaniambia ni zilizopendwa. Nikamwambia najua ni zilizopendwa, lakini nani aliutunga? Akatazama simu yake, akainua mabega. Kwake yeye wimbo ule ulikuwa kama mto au mlima, kitu kilichokuwapo tangu zamani na hakina mwenyewe.

Jibu lile lilinikaa moyoni njia nzima ya kurudi. Aliyeutunga alikuwa mtu wa eneo lilelile, na damu yake ilitoka mwendo wa saa moja tu kutoka pale tulipokuwa tumekaa. Jina lake Daudi Kabaka. Ikiwa kwao hajulikani kwa jina, sisi wa huku mbali tutamjuaje? Ndiyo maana leo naandika habari zake.

Mtoto wa reli

Daudi Kabaka alizaliwa mwaka 1939, na hakuzaliwa Kenya. Alizaliwa Uganda, huko Kyambogo, Kampala, wazazi wake wakiwa Waluhya wa upande wa Vihiga. Siku hizi Vihiga ni kaunti yenyewe, lakini wakati ule na kwa miaka mingi baadaye, mpaka 1990, watu wa Vihiga walikuwa chini ya wilaya ambayo makao yake makuu yalikuwa Kakamega. Kesi, kodi na vipande vya kazi, vyote vilipitia Kakamega.

Kwa nini Mluhya azaliwe Kampala? Reli ile iliyoanzia kwetu Mombasa mwaka 1896 ilifika Kisumu mwaka 1901, na Kampala mwaka 1931. Kila ilipofika ilibeba watu. Ardhi ya Waluhya ilikuwa ndogo na watu wengi, kodi ilitakiwa kwa fedha taslimu, na fedha ilipatikana kwa mwajiri wa mbali: kwenye reli, kwenye mashamba ya chai, bandarini Kilindini. Wengi wenu mnaosoma hapa mlikua na jirani Mluhya pale Chaani au Changamwe, na reli hiyo ndiyo iliyomleta.

Na jina lake pia linasimulia hadithi. Kabaka ni cheo cha mfalme wa Buganda, na Kabaka Daudi Chwa alifariki mwaka huohuo wa 1939. Mtoto wa kibarua akapewa jina la mfalme. Baadaye watu wakamwita mfalme kweli, mfalme wa twisti, lakini hilo tutalifikia.

Kuna jambo moja la Kakamega ya miaka ile nataka msomaji aliweke akilini. Mwaka 1931 iligunduliwa dhahabu huko. Wazungu wakamiminika na majembe na mahema. Mwaka mmoja tu kabla, serikali ya mkoloni ilikuwa imepitisha sheria ya kuwahakikishia wenyeji kwamba ardhi yao ni yao milele. Dhahabu ilipoonekana, sheria ikabadilishwa mwishoni mwa 1932 ili machimbo yaendelee bila mwenye shamba kupewa ardhi nyingine badala yake. Mgodi mkubwa wa Rosterman ulichimbwa mpaka ukafungwa mwaka 1952. Mwenyeji akabaki na mashimo. Tutarudi kwenye mashimo hayo.

Gitaa la magharibi

Kabaka alikulia katika muziki wa aina mbili. Wa kwanza ulikuwa wa nyumbani: isukuti ya Waisukha na Waidakho, ngoma tatu zinazopigwa pamoja, kubwa, ya kati na ndogo, ambazo wenyewe huzifananisha na baba, mama na mtoto. Ngoma hiyo huchezwa kwenye harusi, mazishi, na hata kwenye mapigano ya fahali ya kule Khayega na Shinyalu. Mwaka 2014 UNESCO iliiingiza isukuti katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa haraka usipotee.

Wa pili ulikuwa gitaa. Baada ya Vita Kuu ya Pili, askari walirudi na magitaa, maduka ya Wahindi yakauza magitaa, na redio ikaleta sauti ya Jean-Bosco Mwenda wa Katanga, aliyeweza kuifanya mikono miwili isikike kama ya watu watatu. Vijana wa magharibi ya Kenya waliikamata mbinu ile wakaifanya yao. Aliyeifikisha mbali zaidi ni George Mukabi wa Kisa, Kakamega, bwana wa mtindo uitwao omutibo: kidole gumba kinatembea kwenye nyuzi nene, kidole cha shahada kinaimba kwenye nyuzi nyembamba, na mwenzake anakwaruza au kugonga chupa ya soda kuweka mwendo. Mukabi aliimba Kiswahili safi cha kueleweka Mombasa na Kampala. Aliuawa mwaka 1963 akiwa na miaka thelathini na kitu, na sauti yake ikabaki kwenye santuri.

Lugha ile ni jambo la kuangaliwa. Mukabi, Kabaka, John Mwale, John Nzenze, wote walikuwa Waluhya na wangeweza kuimba Kiluhya peke yake. Walichagua Kiswahili. Sisi watu wa Pwani tuna tabia ya kuona Kiswahili cha bara kama nguo ya kuazima isiyomkaa mtu vizuri. Lakini vijana hawa waliichukua lugha yetu wakaipeleka kila kilabu na kila duka la santuri Afrika Mashariki, na ni haki kuwashukuru.

Nairobi na biashara ya santuri

Miaka ya 1950 Kabaka alikuwa Nairobi, kijana bado, akitafuta maisha. Nairobi ya wakati ule ilikuwa na hali ya hatari, kipande shingoni na msako usiku. Lakini pia ilikuwa na kumbi za mitaani kama ule wa Kaloleni, na ilikuwa na biashara mpya, biashara ya santuri. Mmoja wa wafanyabiashara hao alikuwa African Gramophone Stores, na huko ndiko Kabaka alikoanza kurekodi.

Inafaa kueleza biashara hiyo ilivyokwenda, maana hapo ndipo penye kiini cha habari yetu. Kijana anakuja na gitaa na wimbo wake kichwani. Anaimba mara moja au mbili mbele ya maikrofoni. Analipwa pesa kidogo papo hapo, au anaahidiwa senti chache kwa kila santuri itakayouzwa. Anatia saini au dole gumba kwenye karatasi ya Kiingereza. Anatoka anafurahi, kwa kuwa pesa ile ni zaidi ya mshahara wa wiki, na sauti yake itasikika redioni. Hakuna anayemwambia kwamba ndani ya dakika zile tatu ameuza vitu viwili tofauti: sauti iliyonaswa, na wimbo wenyewe aliouzaa. Na hana namna ya kujua santuri ngapi zimeuzwa Mombasa, ngapi Kampala, ngapi Dar es Salaam. Anayehesabu ni yuleyule anayelipa.

Wahenga wetu walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Daftari lilikuwepo, ila lilikaa upande mmoja wa meza.

Equator, na Mtaita wetu

Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Kabaka alihamia studio ya Equator, iliyoendeshwa na mzungu aliyeitwa Charles Worrod. Hapa ndipo maji yalipokutana. Bendi ya studio ile, Equator Sound Band, iliongozwa na Fadhili William, Mtaita, mtoto wa mkoa wetu wa Pwani, aliyezaliwa Taita Taveta mwaka 1938. Pamoja nao walikuwa Gabriel Omolo kutoka nyanda za ziwa, na wageni wawili kutoka Zambia, Nashil Pichen na Peter Tsotsi. Mtaita, Mluhya, Mjaluo na Wazambia, chumba kimoja, Kiswahili kimoja. Mwanasiasa gani alishawahi kuunda baraza la mawaziri kama hilo?

Dunia nzima wakati ule ilikuwa inacheza twisti ya Wamarekani, iliyovuma kuanzia mwaka 1960 kwa Chubby Checker. Kabaka na wenzake hawakuiiga. Walichukua jina na ule mzunguko wa kiuno, wakaupandisha juu ya mwendo wa kwela ya Afrika Kusini ambao ulikuwa umepita Zambia na Malawi kabla ya kufika Nairobi, wakaongeza magitaa mawili ya umeme yanayojibizana na sauti mbili zinazokwenda sambamba. Kilichotoka kikaitwa twisti ya Kiafrika, na ukiisikia leo huwezi kuifananisha na ya Marekani. Haina haraka. Inakwenda kama mtu aliyelipwa mshahara anayerudi nyumbani jioni.

Sauti ya Kabaka ndiyo iliyoibeba. Haikuwa sauti nene wala ya kutisha. Ilikuwa nyepesi, ya juu kidogo, yenye uchangamfu na huzuni kwa mpigo mmoja. Maneno yake yalikuwa ya mtu anayezungumza na jirani. Kuna Msichana wa Elimu, unaomhusu msichana aliyesoma, wakati ambapo msichana kusoma kulikuwa bado ni jambo la kushangaza mtaani. Kuna Pole Musa, kuna Western Shilo inayokumbuka nyumbani magharibi. Msanii anayetaka kuujua mji wa Nairobi wa miaka ile, watu wake walivyopenda na walivyohangaika, asikilize nyimbo hizo kabla hajafungua kitabu.

Halafu kuna Harambee Harambee. Kenya ilipopata Madaraka tarehe 1 Juni 1963, Mzee Kenyatta alilifanya neno harambee kuwa wito wa taifa. Neno lenyewe lilikuwa la kazi, la watu wanaovuta kitu kizito kwa pamoja, na sisi wa bandarini tunalijua vizuri kuliko wengi. Kabaka akalitilia wimbo. Redio ya taifa ikauchukua. Kwa miaka mingi, Sauti ya Kenya na baadaye KBC, muziki ule ulikuwa ukilia redioni kabla ya taarifa ya habari. Kwetu nyumbani Kisauni marehemu babu hakuwa na saa ya ukutani. Aliposikia Harambee Harambee alijua habari zimefika, akanyamazisha nyumba nzima kwa kidole kimoja.

Fikiria basi. Mtu mmoja, sauti yake inasikika kila siku katika kila nyumba yenye redio, toka Lamu hadi Lodwar. Ingekuwa kila mara inapopigwa anawekewa japo senti kumi kwenye kibakuli, kibakuli kingejaa mara ngapi?

Wimbo unavuka bahari

Mwaka 1966 Helule Helule ilitoka, na ikawa ndiyo kubwa kuliko zote. Ilivuma Kenya, Uganda na Tanzania. Miaka miwili baadaye ikavuka bahari. Kundi la Waingereza liitwalo The Tremeloes liliirekodi upya, na mwaka 1968 ikapanda hadi nafasi ya 14 katika orodha ya nyimbo zinazouzwa zaidi Uingereza. Vijana wa London waliocheza wimbo ule, sidhani kama wengi wao walijua kwamba mtunzi alikuwa Mluhya anayeishi Nairobi.

Kwa sisi watu wa Pwani habari hii si ngeni. Malaika, wimbo ulioletwa kwenye santuri na Fadhili William, ulipita njia hiyohiyo. Miriam Makeba aliuimba, Harry Belafonte akauimba naye katika albamu yao ya 1965 iliyoshinda Grammy, na Boney M wakaja nao pia. Hadi leo watu wanagombana nani hasa aliutunga, Fadhili au Adam Salim au mwingine, na ugomvi huo wenyewe ni ushahidi kwamba siku ile hakuna aliyeandika mambo vizuri. Halafu ikaja Jambo Bwana ya Them Mushrooms wetu wa Mombasa, nayo Boney M wakaitengenezea ya kwao. Nyimbo zetu zinasafiri bila pasipoti. Wenye nyimbo ndio wanaokwama uwanja wa ndege.

Ni rahisi hapa kusema mzungu alimwibia Mwafrika tukafunga daftari. Lakini kuna jambo jingine linalonifanya nisite. Mwaka 1967, mwaka mmoja kabla ya Helule Helule kufika London, kijana Mwingereza mpiga piano na mtunzi wa nyimbo, ambaye dunia ilimjua baadaye kama Elton John, alitia saini mkataba na mwenye kampuni ya uchapishaji wa nyimbo aitwaye Dick James. Elton alikuwa na miaka 20, na mwandishi wake wa maneno, Bernie Taupin, miaka 17, wote chini ya umri wa utu uzima wa sheria yao, ambao wakati ule ulikuwa 21. Mkataba ule uliwabana vibaya. Walikuwa weupe, walijua Kiingereza, walikuwa kwao, na bado walitia saini karatasi mbaya.

Tofauti ni yaliyofuata. Elton John alimpeleka Dick James mahakamani, na mwaka 1985 jaji akaamua alipwe mrabaha aliopunjwa, ingawa alikataa kumrudishia umiliki wa nyimbo zenyewe. Alipata nusu ya haki. Lakini aliipata kwa kuwa kulikuwa na wakili wa kuajiriwa, hesabu za kukaguliwa, na chama cha kukusanya fedha za watunzi kilichokuwapo Uingereza tangu 1914. Kenya chama kama hicho, MCSK, kilianzishwa mwaka 1983. Kufikia hapo Helule Helule ilikuwa na umri wa miaka 17.

Kuondoka, na kupoa

Kabaka hakukaa kimya. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 aliondoka Equator kwa sababu ya ugomvi wa mrabaha na haki za nyimbo. Tendo hilo mimi nalihesabu sawa na wimbo wowote aliotunga. Alikuwa na jina, alikuwa na nafasi, na angeweza kuinama akaendelea kula kidogo alichopewa. Akaona bora aanze upya. Akapiga na wenzake wa zamani katika bendi zilizobeba jina la Eagles, akaendelea kurekodi.

Lakini muziki haungoji mtu. Miaka ileile benga ya Wajaluo ilipanda kwa kasi, na wanamuziki wa Kongo wakahamia Nairobi na magitaa yao matamu. Ndugu wa Kinyonga waliokuja kutoka Tanga wakaunda Simba Wanyika, na dansi la Kiswahili likawa na mwendo mwingine kabisa. Gabriel Omolo, mwenzake wa Equator, aliwahi bahati yake na Lunch Time, wimbo uliompa santuri ya dhahabu. Twisti ikaanza kuitwa muziki wa wazee. Baadaye ikapewa jina la heshima, zilizopendwa.

Neno hilo zilizopendwa tumelizoea mno hata hatulisikii. Linasema nyimbo zilipendwa. Halisemi nani alizitunga. Ni neno la shukrani linalosahau anayeshukuriwa, na ndilo jibu nililopewa na yule kijana wa Kakamega.

Mwaka wa misiba

Daudi Kabaka alifariki Novemba 2001, akiwa na umri wa miaka 62. Februari ya mwaka huohuo alikuwa ametangulia Fadhili William. Na mwaka 2000 alikuwa ameondoka Fundi Konde, mzee wetu wa Pwani, mmoja wa Wakenya wa kwanza kushika gitaa la umeme na kurekodi nalo. Kwa muda usiofika miaka miwili nguzo tatu za muziki wa Kiswahili wa Kenya zilianguka, mbili zikiwa za mkoa wetu. Magazeti yakaandika, redio zikapiga nyimbo zao siku nzima, watu wakafuta machozi, kesho yake ikaja habari nyingine.

Kuna kitu kinachouma katika tarehe hizo. Sheria mpya ya hakimiliki ya Kenya, iliyounda bodi ya kusimamia haki hizo, ilipitishwa mwaka huohuo wa 2001, ikaanza kutumika Februari 2003. Mlango ulifunguliwa mwenye nyumba akiwa ameshazikwa.

Lakini si kila kitu kimepita, na hapa naomba msomaji anifuate polepole. Kwa sheria ya Kenya, haki katika sauti iliyorekodiwa hudumu miaka 50 tangu mwisho wa mwaka iliporekodiwa. Kwa rekodi za Kabaka za miaka ya 1960, muda huo umekwisha. Haki katika wimbo wenyewe, yaani tuni na maneno, ni jambo jingine. Hiyo hudumu maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya mwisho wa mwaka aliokufa. Kwa mtu aliyefariki 2001, hesabu inafika mwisho wa mwaka 2051. Maana yake ni kwamba hata usiku ule pale kwa wakwe, wimbo tuliokuwa tunaucheza ulikuwa na mwenyewe kisheria. Mwenyewe ni nani, mrithi wake au aliyebaki na karatasi ya zamani, inategemea kilichoandikwa kwenye mikataba ya enzi zile. Ndiyo maana nasema karatasi ile ya dakika tatu bado inaishi.

Nirudi kwenye mashimo ya Rosterman. Dhahabu ya udongo ikichimbwa imekwisha, shimo ndilo linalobaki. Wimbo ni dhahabu ya namna nyingine. Unachimbwa kila siku na haupungui. Uliliwa 1966, ukaliwa 1968, unaliwa leo kwenye simu. Kwa hiyo anayeandikiwa wimbo hakuandikiwa malipo ya siku moja. Ameandikiwa shamba.

Sisi wa Pwani na somo hili

Wako watakaouliza Mluhya huyu anatuhusu nini. Anatuhusu kwa sababu tuna watunzi wengi kuliko tunavyojua kuwahesabu. Mashairi ya taarab ya Mombasa na Lamu, nyimbo za chakacha, za mwanzele, za vijana wa siku hizi wanaorekodi vyumbani Mtwapa na Likoni. Kaseti za Juma Bhalo na Zein l'Abdin zilinakiliwa mkono kwa mkono kutoka Mombasa hadi Maskati, na sote tulifurahi kunakiliwa. Wangapi tulijiuliza mwenye sauti anakula nini?

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Maana ya kutunza si kumrushia noti anapoimba kisha kumsahau. Kijana anayetunga wimbo leo aandike tarehe na jina lake, ausajili, na asitie saini kitu ambacho hajasomewa kwa lugha anayoielewa. Ajue kwamba sauti iliyonaswa na wimbo uliotungwa ni mali mbili, na anaweza kuuza moja akabaki na nyingine. Na mtangazaji wa redio, akipiga zilizopendwa, asitaje jina la wimbo tu. Ataje mtunzi. Hilo halina gharama.

Nilipokuwa naaga kule Kakamega nilimwita yule kijana mwenye spika nikamwandikia jina kwenye simu yake: Daudi Kabaka. Akalitafuta papo hapo, nyimbo zikajipanga moja baada ya nyingine, akashangaa kwamba nusu yake alikuwa akizijua tangu utotoni. Akamwendea yule babu wa mkongojo kumuuliza kama aliwahi kumwona. Mzee akaanza kusimulia, na matatu yetu ikapiga honi, tukaondoka nikiwaacha wawili wale wameinamia simu moja.

Mola amlaze mahali pema Daudi Kabaka. Na sisi tuliobaki, tukicheza, tumtaje.